Siku Tata Alipobeba Kiti Hadi Getini

Watu wa mtaa wetu wakisimulia habari hii wanaanza na kiti. Mimi naanza na minyororo, maana ukianza na kiti utafikiri tata yangu, yaani baba yangu, ni mzee mkorofi aliyekosa kazi ya kufanya.

Minyororo ilikuwa kwenye malori. Malori makubwa ya kubeba mawe ya shaba, yenye vumbi jekundu mpaka kwenye kope, yalikuwa yamepangwa katika parkingi ya kampuni moja ndogo inayobebea mizigo migodi mikubwa ya hapa Kolwezi. Siku moja akaja wisie, yaani mtu wa korti anayekamata mali. Akapitisha minyororo kwenye magurudumu, akapiga kufuli, akabandika karatasi kwenye vioo. Tata yangu alikuwa fundi wa malori yale. Aliyafungua na kuyafunga kwa mikono yake mpaka akaota mvi. Siku ile alisimama ng'ambo ya barabara akatazama, kisha akaniambia, "Banayafunga kama mbuzi." Hakucheka. Lakini jioni alikula bukari, ugali wetu, akaomba aongezewe, na mimi nilikuwa sijamwona akiomba kuongezewa kwa muda mrefu.

Sababu ya minyororo nitaisema kwa ufupi, kwa kuwa nimeshaisema mara nyingi mno mbele ya watu waliokuwa wanatazama simu zao. Kila mwezi kampuni ilikata sehemu ya mshahara wa tata, ikisema ni mchango wa pensheni. Mwajiri naye anatakiwa kuongeza fungu lake, halafu vyote vinapelekwa kwenye mfuko wa pensheni. Kukata, walikata. Kupeleka, hawakupeleka. Tata alipostaafu akaenda kwenye ofisi ya mfuko amevaa koti lake la kanisani, wakamtafuta kwenye mashine yao, wakamwambia: tata, miaka yako haipo. Mtu mgongo umepinda kwa miaka ile ile, kipande cha kidole kimebaki chini ya jeki miaka ile ile, unamwambia haipo! Akarudi nyumbani kwangu, akaanza kunywa chai bila sukari, akisema daktari amemkataza. Daktari gani? Halafu akaanza kuuza funguo zake za kazi, spana za ufundi, moja moja.

Mfuko haukulala, hilo nakubali. Mkaguzi wao, mama mmoja mwenye sauti kali na viatu vya chini, aliingia kampuni, akachunguza, akadai michango yote. Patron, mwenye kampuni, akajizungusha mwaka mzima. Ndipo minyororo ikaja. Malori yauzwe, michango ilipwe, miaka ya tata irudi. Tulidhani imekwisha.

Kampuni ikakata rufaa. Na juu ya rufaa ikaomba kitu cha pili: wakati rufaa inasubiriwa, mfuko usimame kudai, na malori yafunguliwe.

Sasa niseme tatizo la nyumba yetu. Bwana yangu alikuwa shofere wa lori mojawapo.

Hapa kwenye migodi mzee akitoka kazini hatoki mzima, anaacha mguu mmoja ndani: mtoto wake anaingia mahali pake. Tata hana mtoto mwanaume, kwa hiyo alipostaafu alimwombea nafasi mukwe wake, na patron akakubali upesi. Patron alipenda sana desturi hiyo. Parkingi nzima ilijaa watoto na wakwe za wazee aliokuwa amewalia michango yao. Mwanzoni niliita huruma. Baadaye nikaelewa: mzee ambaye mtoto wake anakula kwenye sahani yako, atakushitaki vipi?

Na bukwe, heshima ya ukwe, kwetu si mchezo. Tata alizaliwa upande wa Kasaji, na desturi za kule alipanda nazo treni kuja hapa. Bwana yangu hakai kwenye kiti mbele ya tata. Hali chakula akiona macho yake. Wakikutana njiani, bwana yangu anatoka pembeni, anachutama, anapiga makofi taratibu, na anabaki chini mpaka mzee amwambie asimame. Yeye juu na mzee chini, hiyo haiwezekani hata kwenye ngazi. Tena hawasemezani. Wanasemezana kupitia mimi, hata wakiwa karibu kiasi cha kugusana. "Ambia mukwe yangu mvua inakuya." "Ambia tata nimeshaingiza makala." Na mimi katikati, nimebeba mtoto, narudia maneno ya mvua na ya mkaa ambayo wote wawili wameshayasikia. Jirani yangu alikuwa ananicheka: "We mama, muko na radio ao muko na mudomo?"

Siku ya korti kampuni ilileta mashofere wake wote, wamevishwa ovaroli mpya zenye mikunjo ya dukani, ikawakalisha benchi la mbele. Bwana yangu yumo. Wazee waliostaafu walikaa nyuma. Mimi nilikaa katikati, mtoto yuko kwenye ziwa, nikiona kisogo cha mume wangu mbele na kusikia kikohozi cha tata nyuma.

Avoka wa kampuni, yaani wakili wake, alisema kwanza kwa Kifaransa. Kisha akageukia benchi la wazee, akasema kwa Kiswahili ili tuelewe tulivyo wabaya. "Batata, mukiuza malori leo, kesho hii batoto yenu benyewe banakaa barabarani. Bazee banataka pensheni, batoto banataka kazi. Tribunal ichague nani?"

"Ichague ule mwenye alikula, alipe!" mzee mmoja akajibu kutoka nyuma.

Watu wakacheka. Hata shofere mmoja mbele alitikisika mabega. Jaji akagonga meza. Mtoto wangu akaanza kulia, askari wa mlangoni akanifanyia ishara nitoke, nikamwambia kwa macho kwamba nitatoka wakinibeba.

Jaji akaamua. Kudai michango kusimamishwe mpaka rufaa iishe. Malori yafunguliwe yafanye kazi. Ila, akasema, na akasema polepole, akiwatazama mashofere: malori hayo ndiyo dhamana ya deni, hayaruhusiwi kutoka katika jimbo la Lualaba. Lori likivuka jimbo, au likielekezwa kuvuka, ruhusa imekufa. Wote tulisikia. Hakuna atakayeniambia hakusikia.

Nje nilimshika mama mkaguzi mkono wa blauzi.

"Mama, sasa?"

"Sasa tungoje. Ni sheria, mama. Mutu akikata rufaa, ana haki ya kuomba hivyo."

"Na tata yangu ana haki ya nini? Kungoja? Yeye si jiwe, atakwisha."

"Mama, uniachilie mukono." Nikamwachilia. Akarekebisha blauzi, akaandika namba yake kwenye kiganja changu, kwenye ngozi. "Malori ikitoka mu provensi, unaniita."

"Nikikuita, utakuya kweli?"

"We uniite."

Minyororo ikatolewa. Bwana yangu akarudi kazini, mshahara uliokuwa umekatika ukaanza kuingia, tukalipa nyumba. Sitadanganya, nilinunua nyama. Tata akaila nyama ile akiwa upande wake wa ua, bwana yangu upande wake, ukuta wa matofali katikati, na mimi nikipeleka sahani. 

Kisha ikaja jioni ile. Nilikuwa nasonga bukari nje, jua halijazama. Bwana yangu aliingia ndani, akatoka, akaingia tena.

"Mama, lesepase yangu uliweka wapi?"

Lesepase ni karatasi ya kuvukia mpaka. Sikuinua kichwa. "Ya nini?"

"Niko na voyaji kesho."

"Wapi?"

"Voyaji tu."

"Mutu haombake lesepase ya kuenda Fungurume."

Fungurume iko humu humu jimboni. Nikaacha mwiko usimame wenyewe kwenye bukari. "Mi nakuuliza. Wapi?"

"Kasumbalesa. Tunavusha." Alikuwa anasema na kiatu chake. Kasumbalesa ni mpakani, nje ya Lualaba. "Patron anasema malori inaenda kutengenezwa."

"Kutengenezwa! Fundi wa malori yuko pale nyuma ya ukuta anauza funguo zake, na malori inavuka mupaka kutafuta fundi? Na nyinyi munarudia mu nini?"

"Mu bisi."

Basi. Mashofere wanarudi kwa basi. Lori lisiporudi na shofere wake, limeuzwa. Rufaa iishe leo, iishe mwakani, mfuko ushinde mara saba: siku hiyo watu wa korti watakuja na minyororo yao wakute parkingi tupu na mbwa. Na miaka ya tata imekwenda na mnunuzi wa ng'ambo.

"Ulimusikia jaji," nikasema.

"Mi si tribunal. Mi ni shofere."

"Na mi? Mi ni muke ya shofere ao mutoto ya fundi?"

"We ni mama ya mutoto. Na ule mutoto anakunywa maziwa, hanywake rufaa!" Alipaza sauti, na si kawaida yake. "Nikikataa, bananifukuza. Kesho hii tu. Kisha utapika nini? Hasira?"

 Nikamwambia: "Lesepase iko mu valizi ya manguo. Uichukue we mwenyewe. Mi siwezi kumupa mutu kisu cha kumuchinjia tata yangu."

Ndipo tuliposikia kikohozi. Tata alikuwa upande wake wa ukuta muda wote. Akaita jina la mtoto wangu, ndilo analoniitia mimi, kisha akasema taratibu, kama mtu anayeuliza habari za mvua: "Ambia mukwe yangu: anatoka saa ngapi?"

Nikamgeukia bwana yangu. Alikuwa ameshachutama pale pale karibu na jiko, kwa mazoea, ingawa ukuta uliwatenganisha. Nikarudia: "Tata anauliza unatoka saa ngapi."

Mukwe anaweza kukaa kimya. Anaweza kukohoa. Kudanganya hawezi. Akasukuma kaa la moto ndani ya jiko.

"Ambia tata: asubuhi, jua ikipanda kidogo."

Mpaka leo nikimuuliza kama alijua anachokifanya alipojibu vile, ananiambia bukari ilikuwa inaungua.

Asubuhi bwana yangu aliondoka kwanza. Tata akanawa uso, akavaa koti la kanisani, akaweka kiti chake cha plastiki kichwani.  Nikafunga mtoto mgongoni nikamfuata, nikipiga namba ya mama mkaguzi. Ikaita, ikaita, ikakatika. Tulitembea kando ya barabara, malori ya watu wengine yakitumwagia vumbi, mzee na kiti chake mbele, mimi na simu nyuma. Nikapiga tena. Safari hii akapokea. "Malori inavuka leo," nikamwambia. "Ulisema nikuite." Akakata bila kujibu, nikatukana njia nzima.

Tata hakuweka kiti katikati ya barabara. Angeweka katikati, wangemwita mwendawazimu na kumbeba. Aliweka pembeni, karibu na nguzo ya geti, pale ambapo kila lori linakata kona polepole, akakaa ameelekea ndani.

Mlinzi akaja. "Tata, hapa hakuna kukaa."

"Nangojea mukwe yangu apite."

Mlinzi akamtazama, akanitazama. "Ah. Kama ni mambo ya bukwe..." Akarudi kwenye kibanda chake. 

Malori yakawashwa. Moshi ukapanda juu ya ukuta. Geti likafunguliwa, na lori la kwanza lilikuwa la bwana yangu. Kutoka chini, kabini ya lori lile iko juu kama dirisha la kanisa. Nilimwona akigeuza usukani. Akamwona tata. Lori likapiga breki mpaka likainama pua.

Mtu aliyezaliwa mahali pengine angepita. Nafasi ilikuwepo, tena ya kutosha. Lakini kupita pale ni kupitisha miguu yako juu ya kichwa cha baba wa mke wako. Injini inanguruma, mkono wake uko kwenye usukani, na mimi nikisema kimoyomoyo, usipite, usipite, ukipita usirudi. Mlango ukafunguka. Akashuka, akachutama kwenye vumbi mbele ya gurudumu lake, akapiga makofi taratibu.

Tata akamtazama. Hakusema simama.

Shefu wa parkingi akatoka mbio, kijana mmoja aliyeletwa kutoka mji mwingine, shati ndani ya suruali. "We! Panda juu!"

"Siwezi, shefu."

"Kwa nini? Miguu imekufa?"

"Tata hajasema."

"Aseme nini?"

"Aseme nisimame."

Shefu akadhani wanamchezea. Akamwinamia tata. "Muzee, sema basi, banachelewa!"

"Mi nasemaka na mukwe yangu kupitia mutoto yangu," tata akajibu, akaninyooshea kidole kile kifupi.

Shefu akanigeukia, jasho linamtoka asubuhi yote ile. "Mama, ambia tata yako aseme."

"Mi niko nanyonyesha," nikasema. Mtoto alikuwa amelala fofofo. Nikamtoa mgongoni, nikamwamsha, nikamnyonyesha.

Nyuma honi zikaanza. Shefu akamwita shofere wa lori la pili apande lile la kwanza. Huyo ni mtoto wa mzee aliyemjibu avoka kule kortini. Alishuka, akatazama mtu amechutama, akatazama kiti, akatikisa kichwa. "Shefu, niendeshe gurudumu mbele ya muso ya mutu anachutama ku bukwe? Mi pia niko na bukwe, kule Musumba. Hii habari itafika mbele yangu." Akaenda akazima lori lake. Wa tatu naye akazima. Simu ya shefu ikaanza kulia mfukoni, nasi sote tukajua ni patron anapiga.

Mama mkaguzi alifika na pikipiki, amejifunga kitambaa puani kwa vumbi. Nyuma yake, kwenye pikipiki nyingine, yupo wisie na mfuko wa unga uliokuwa unalia chuma. Sikuwahi kufurahia sauti ya mnyororo hivyo.

"Malori inaenda wapi?" akauliza.

"Fungurume," shefu akasema haraka. "Kazi ya kawaida. Ndani ya provensi. Korti ilituruhusu, mama, na unatuzuia bure."

Mkaguzi akasimama. Ndani ya provensi, hana la kufanya, na alijua. Akamgeukia bwana yangu pale chini. "Shofere. Ulikuwa unaenda wapi?"

 Akisema Fungurume, kazi yake inabaki, minyororo inarudi kwenye mfuko wa unga, na malori yanasubiri siku nyingine ambayo hakuna mtu mwenye kiti. Akisema kweli, leo hii hii hana kazi. Shefu alikuwa anamtazama kama mtu anayeshika mlango. Bwana yangu hakumtazama shefu, wala mkaguzi. Akatazama ardhi mbele ya viatu vya tata, akasema na mimi.

"Ambia tata: nilikuwa naenda Kasumbalesa. Na lori haingerudi."

Nikamgeukia tata. Nilirudia kwa sauti ambayo sikujua ninayo, watu waliokuwa wananunua mikate ng'ambo ya barabara wakageuka. "Tata! Mukwe yako anasema alikuwa anaenda Kasumbalesa! Na lori haingerudi!"

Mkaguzi akamwambia wisie afungue mfuko.

Yalifungwa moja moja. Shefu alibishana, akapiga simu, akamtukana bwana yangu ukoo mzima, akamwambia asirudi kesho wala kesho kutwa. Bwana yangu alibaki chini muda wote huo. Tata naye hakutikisika, akisikiliza kufuli. Fundi anajua mlio wa chuma kilichokaa vizuri. Kufuli la mwisho lilipolia, akakohoa. Nikangoja aniambie nimwambie. Hakuniambia.

"Simama, mutoto," akasema mwenyewe.

Bwana yangu alijaribu kusimama, mguu ulikuwa umekufa ganzi, akaanguka kando ya gurudumu kama gunia. Mashofere wenzake wakacheka mpaka wakashika magoti. Yule wa lori la pili akamwinua. "Bukwe ni mubaya," akamwambia, "lakini we umezidi."

Korti imeondoa ruhusa yake, malori yamekaa kwenye minyororo mpaka rufaa iamuliwe. Haijaamuliwa. Imeahirishwa, ikaahirishwa tena. Mara avoka wa kampuni anaumwa, mara jaji yuko safarini. Bwana yangu anapakia makala kwenye pikipiki ya mtu. Nyama hatujanunua. Wapo majirani wanaosema tumejichoma wenyewe, na mmoja aliniambia usoni, nami nilimjibu usoni, na hatusalimiani. Sijamsamehe patron, avoka wake simsamehei, na jaji aliyemfungulia mwizi mlango akamwambia asiende mbali, sijui nimweke wapi.

Lakini kila jioni bwana yangu anaporudi anapitia barabara ya parkingi, ingawa si njia yake. Anaingia uani, anachutama karibu na ukuta. Tata anakohoa upande wake.

"Ambia mukwe yangu: malori ingali pale?"

"Ambia tata: iko. Yote."

Nami narudia.